Harald: jina la jeshi, jina la babu. Jibu kwa dada wa Stavanger

Dada mmoja mzaliwa wa Karatina, Kenya, anayeishi saivi Stavanger kule Norwei na mumewe Mnorwei, ameniandikia ujumbe mrefu, naufupisha: "Nategemea mtoto wa kiume, wa kwanza. Baba mkwe alifariki mwaka jana, alikuwa anaitwa Harald, na mume wangu hataki kusikia jina lingine lolote. Mimi nimeambiwa ni jina la Waviking, jina la vita, wengine wanasema la kipagani kabisa, na shemeji ananitania eti mtoto ataitwa Bluetooth. Mama yangu ni mtu wa kanisa, sijui nimwambie nini. Hili jina maana yake nini hasa, limetoka wapi, na ungekuwa mimi ungempa mtoto?"

Hongera dada, na pole kwa msiba wa baba mkwe. Hilo la msiba nitalirudia maana kwa maoni yangu ndo kiini cha swali lako lote, lakini kwanza tumalize habari ya maana.

Harald kwa Kinorse cha kale, lugha ya Waviking, wale mabaharia wapiganaji wa Skandinavia ya zamani, liliandikwa Haraldr, na nyuma zaidi, kabla hata Waviking hawajaanza kuvuka bahari, wataalamu wa lugha wanalirudisha kwenye umbo kama Harjawaldaz. Ni maneno mawili yameungwa, la kwanza ni jeshi na la pili ni kutawala, kuwa na nguvu juu ya kitu. Kwa hiyo ukilitafsiri neno kwa neno unapata mwenye kuliongoza jeshi, amiri jeshi ukipenda. Na ni jina la zamani kweli, maana Tacitus, mwanahistoria wa Roma, anamtaja kiongozi mmoja wa Wabatavi, kabila la Uholanzi ya leo, anaitwa Chariovalda aliyekufa vitani mwaka 16 baada ya Kristo akipigana upande wa Warumi, na wataalamu wengi wanaona hilo ni jina hilohilo limeandikwa tu kwa masikio ya Kirumi. Yani miaka 2000 na zaidi.

Sasa hapo kwenye "amiri jeshi" ndipo watu wanarukia kusema ni jina la vita, na mimi nakuomba usiruke nao. Majina ya watu wale hayakutungwa kama sentensi. Walikuwa na akiba ya vipande, jeshi, vita, mkuki, mbwa mwitu, tai, amani, ulinzi, utawala, wanachukua kipande kimoja cha mbele na kimoja cha nyuma wanaunga, na mara nyingi kipande kilichaguliwa kwa sababu kilikuwepo kwenye jina la baba au la mjomba, sio kwa sababu mtu alikaa akatafakari maana. Ushahidi mzuri ni jina la kike Gunnhild. Gunn ni vita. Hild nayo ni vita. Mtoto wa kike kaitwa Vita-vita, na ukigeuza unapata Hildegunn, ambalo Norwei lipo hadi leo na wanaoitwa hivyo ni kina mama wapole tu. Kuna jiwe lilisimamishwa Istaby kusini mwa Sweden, karne ya 7 hivi, limeandikwa kwa runi, herufi za kale za watu wa kaskazini, na lina majina matatu ya ukoo mmoja, yote matatu yanaishia na kipande cha mbwa mwitu, na mmoja wao ni Hariwulafr, huyo Hari wa mbele ndo Hari wa Harald wako. Ukiyaona yale majina matatu yamepangana pale unaelewa mara moja kilichokuwa muhimu kwao: huyu ni wetu, huyu naye ni wetu.

Na vipande hivyo unavyo nyumbani Kenya bila kujua. Walter ni vipande vilevile viwili vya Harald vimegeuzwa, utawala umetangulia jeshi likafuata. Mkia wa Gerald, wa Arnold, wa Oswald ni kile kipande cha kutawala. Ronald ndo kabisa, ni jina la Kinorse Rögnvaldr lililopita Scotland likanyolewa huko mpaka likawa Ronald, na Kenya na Uganda akina Ronald wamejaa, wamebatizwa, wanaimba kwaya, hakuna mtu amewahi kuwauliza kuhusu Waviking. Harold wa Kiingereza unayemjua ni Harald huyuhuyu.

Upagani je? Hapa mama yako atulie kabisa. Yapo majina ya Skandinavia yenye mungu wa kale ndani yake, yote yanayoanza na Tor, Torstein, Torbjørn, yamebeba mungu wao wa radi, na hata Ingrid, jina zuri la binti mfalme, linaanza na Ing ambaye alikuwa mungu wa kale pia. Harald halina mungu yeyote. Lina jeshi na utawala basi. Sisemi wenye majina ya Tor wana shida, hawana, ila kama hofu ni hiyo basi kwenye Harald haipo.

Tena mwambie mama hivi. Pale Jelling, Denmark, kuna jiwe kubwa la karne ya 10 ambalo liko kwenye orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO tangu 1994, limechongwa sura ya Kristo upande mmoja, na maandishi yake yanasema mfalme Harald aliamuru lifanywe kuwakumbuka Gorm baba yake na Thyra mama yake, ni yule Harald aliyejipatia Denmark yote na Norwei na akawafanya Wadenmark kuwa Wakristo. Kwa hiyo mmoja wa Maharald wakubwa kabisa kwenye historia alijitambulisha mwenyewe kwenye jiwe kama mtu aliyeleta ukristo nchini kwake. Na angalia jiwe lenyewe linaanza na nini. Linaanza na baba na mama.

Huyo mfalme Harald wa Jelling ndo wa utani wa shemeji. Watu walimpa jina la utani Blåtand, jino la bluu, na hilo linaonekana kwenye maandishi ya karne ya 12, zaidi ya miaka 100 baada ya kufa kwake, wengi wanadhani alikuwa na jino bovu lililokuwa jeusi maana neno blå zamani liliweza kusema pia rangi ya giza. Mwaka 1997 kampuni za Intel, Ericsson na Nokia zilikuwa zinahangaikia njia moja ya kuunganisha vifaa bila waya, na mhandisi wa Intel, Jim Kardach, akapendekeza waiite Bluetooth kwa muda tu, kwa sababu yule mfalme aliunganisha watu. Jina la muda likabaki. Ile alama unayoibonyeza kwenye simu ni runi mbili zimepandana, H na B, Harald Blåtand. Mwambie shemeji asante kwa utani, mtoto atakuwa na herufi yake kwenye kila simu duniani.

Ila sitaki nikufiche, jina limebebwa na watu wakali pia. Wa kwanza unaye hapohapo jirani. Ukishuka Hafrsfjord utaona zile panga tatu za shaba zimechomekwa kwenye mwamba, urefu kama mita 10, zimewekwa 1983, panga kubwa ni la Harald Hårfagre, Harald mwenye nywele nzuri, na mbili ndogo ni za wafalme aliowashinda. Masimulizi yanasema alichumbia binti anaitwa Gyda, binti akajibu siolewi na mtu anayetawala vijiji viwili vitatu, njoo ukiwa mfalme wa Norwei nzima, naye badala ya kukasirika akaapa hatakata wala kuchana nywele mpaka amalize, akawa anaitwa Harald manywele, ndipo baada ya vita ya Hafrsfjord, ambayo kwa mapokeo inawekwa mwaka 872, akanyolewa na kupewa jina jipya. Habari hiyo tunaipata zaidi kwa Snorri Sturluson wa Iceland aliyeandika karne ya 13, miaka 300 na zaidi baadaye, na wanahistoria wa leo wanaipunguza sana, wanasema huyu alitawala zaidi pwani ya magharibi, sio nchi nzima. Lakini Wanorwei waliipenda kiasi kwamba mwaka 1872 wakatimiza miaka 1000 kwa kujenga mnara mkubwa Haugesund, kaskazini yako kidogo. Mkitembea huko siku moja mpelekeni mtoto.

Halafu mwaka 1066, huo mwaka mimi nikiufikiria bado unanishangaza. Mfalme wa Norwei ni Harald Hardråde, maana yake mwenye utawala mgumu, mtu aliyepigana vita ya Stiklestad akiwa na miaka 15, akakimbilia Kyiv, akawa askari wa kulipwa wa mfalme mkuu wa Constantinople, Istanbul ya leo, akarudi na mali na kuchukua kiti 1046. Mfalme wa Uingereza naye ni Harold Godwinson. Kwa nini Mwingereza anaitwa Harold? Kwa sababu mama yake, Gytha, alikuwa Mdenmark. Basi tarehe 25 Septemba Harald na Harold wakakutana Stamford Bridge, Harald wa Norwei akafa pale, na siku 19 baadaye, tarehe 14 Oktoba, Harold naye akauawa Hastings na jeshi la William wa Normandy. Waingereza baada ya hapo wakaanza kuwaita watoto William na Robert na Richard, jina Harold likafifia kwao kwa mamia ya miaka, lilirudi karne ya 19, na ndo hilo lililopanda meli na wamisionari na watu wa serikali ya kikoloni mpaka likafika Afrika Mashariki.

Lakini ngoja, jina la yule marehemu wa Hastings halikulala. Binti yake, naye anaitwa Gytha kama bibi yake, alikwenda kuolewa Kyiv na mtoto wa mfalme, wakapata mtoto wa kiume mwaka 1076. Kule kwao wakamwita Mstislav, jina la ukoo wa baba. Ila ndugu wa upande wa kaskazini walimwita Harald, jina la babu mzaa mama aliyekufa vitani miaka 10 kabla mjukuu hajazaliwa. Mtu mmoja, majina mawili, kila upande una lake na hakuna aliyeona ajabu. Alikuja kuwa mtawala mkubwa wa Kyiv.

Hapa sasa ndo narudi kwenye msiba wako. Watu wa Skandinavia ya kale walikuwa wanamwita mtoto jina la ndugu aliyekufa, hasa aliyekufa karibuni, na waliamini jina linakwenda na bahati ya mwenyewe, ile nguvu yake ya maisha, kwa hiyo ukimpa mtoto jina la babu aliyefariki unamrudisha babu mezani kwa namna fulani. Kumpa mtoto jina la mtu ambaye yuko hai walilikwepa, ilikuwa kama unamharakisha. Kwenye masimulizi ya Iceland yupo mtu anakata roho huku anaomba kitu kimoja tu, jina lake lisipotee, apewe mtoto wa kiume atakayezaliwa. Hata kabla ya ukristo walikuwa na desturi ya kummwagia mtoto maji na kumtaja jina, na akishatajwa jina ameshakuwa mtu wa ukoo. Na ukifuata ukoo wa yule Harald Blåtand unaona Harald, mwanae Svein, wajukuu Harald na Knut, halafu wana wa Knut wakiwemo Svein na Harald tena, yule wa mwisho akawa mfalme wa Uingereza. Jina linapanda linashuka kwenye ngazi za ukoo.

Ukristo ulipoingia imani ya bahati ilipotea lakini desturi ikabaki, na vijijini Norwei iliendelea kwa nguvu mpaka karne ya 20: mtoto wa kwanza wa kiume jina la babu mzaa baba, wa pili jina la babu mzaa mama, na kama kuna marehemu anayesubiri basi marehemu anatangulia. Dada, wewe ni Mkikuyu wa Karatina, kweli mimi ndo wa kukueleza hii? Kwenu mtoto wa kwanza wa kiume anaitwa kwa babu mzaa baba na wa pili kwa babu mzaa mama, mpangilio uleule. Tofauti ni kwamba kwenu babu akiwa hai anapewa mjukuu na anafurahi, Waviking wangeogopa. Mumeo hajakuletea jina la Waviking, amekuletea jina la baba yake kwa utaratibu ambao mama yako anaujua kuliko hata vijana wengi wa Norwei wanavyoujua saivi. Ukimpigia mama usianze na Waviking. Mwambie "amepewa guka wake", uone kama ataendelea kuuliza.

Niongeze kidogo kuhusu jina lilivyofika kwa baba mkwe, maana halikuja moja kwa moja. Norwei ilikuwa chini ya Denmark kwa zaidi ya miaka 400 mpaka 1814, na muda huo majina ya Biblia na ya watakatifu, Johannes, Peder, Anders, ndo yalitawala, Harald likabaki huku na huko. Karne ya 19 Wanorwei walipoanza kutafuta utaifa wao wakafungua tena habari za wafalme wa kale na majina yakarudi, Harald, Sigurd, Håkon, Ragnhild. Mwaka 1905 nchi ilipojitenga na Sweden wakamwalika mwanamfalme wa Denmark anaitwa Carl, naye akachukua jina Haakon, na mwanae Alexander wa miaka 2 akageuzwa kuwa Olav. Halafu tarehe 21 Februari 1937 Olav huyo akapata mtoto wa kiume, mwanamfalme wa kwanza kuzaliwa ndani ya Norwei tangu 1370, wakamwita Harald, ndo Harald wa 5 aliyepanda kiti mwaka 1991. Aliyemuoa 1968, baada ya kusubiri miaka 9 kwa sababu binti hakuwa wa ukoo wa kifalme, ni Sonja, na ubini wake Sonja ulikuwa Haraldsen, mwana wa Harald. Hiyo naipenda sana. Ni ubini wa kawaida kule, maana zamani mtoto alibeba jina la baba na neno la kumaanisha mwana, na Iceland wanafanya hivyo mpaka leo, Haraldsson kwa mvulana na Haraldsdóttir kwa msichana.

Na yupo Harald wa 4 ambaye watu wanamsahau. Huyu alitoka upande wa Ireland, jina lake la huko Gille Krist, mtumishi wa Kristo, akaja Norwei anadai baba yake ni mfalme Magnus, wakamtembeza juu ya vyuma vya plau vilivyotiwa moto kuthibitisha, akapita, akakubaliwa kwa jina la Harald na historia inamwita Harald Gille, yamekaa yote mawili. Utawala wake ulikuwa mbaya, alimpofua macho mtoto wa kaka yake waliyekuwa wanagombania kiti, na Harald mwenyewe akauawa 1136, kwa hiyo simtoi kama mfano wa tabia, ila kama mfano wa mtu mwenye asili mbili ambaye hakulazimika kuacha jina moja ili apate lingine.

Kwa hiyo jibu langu, ndio, ningempa. Ila ningempa mawili. Sheria ya Norwei inaruhusu mtoto kuwa na zaidi ya jina moja la kwanza, weka Harald na ufuate na jina la Kikuyu la upande wenu, usiliache jina la Kikuyu liwe la kutajwa nyumbani tu, liandike rasmi. La baba yako mzazi unaweza kulitunza kwa mtoto wa pili kama utaratibu wenu unavyotaka, hilo ongea na wazee. Na kama mkishindwana kabisa, Wanorwei wengi wa karne ya 20 walikuwa wanaridhika kumkumbuka babu kwa herufi ya kwanza tu, babu Harald mjukuu Håvard au Henrik, lakini mimi kwa msiba wa karibu hivyo ningetoa jina zima.

Mambo madogo ya kujua kabla. Harald kwa Kinorwei D ya mwisho haisikiki, wanatamka Haral, nyumbani Karatina watasema Haraldi na yote mawili ni sawa. Akikaa na watoto wanaojua Kiswahili kuna siku watamwita Haradali, hilo jiandae nalo, ni utani mwepesi na punje ya haradali kwenye Injili ina sifa nzuri. Shuleni Norwei usikubali wamkatishe kuwa Harry. Kwanza Harry kwa asili limetokana na Henry, sio Harald, pili kwenye Kinorwei cha mtaani neno harry linamaanisha kitu cha ovyo, kisicho na ladha, na mtoto asibebeshwe hilo. Pia jua kwamba kwa rika lake atakuwa labda peke yake darasani, maana Maharald wengi saivi ni wazee, mimi naona hiyo ni faida. Jina mnatakiwa muwe mmelisajili kabla mtoto hajafikisha miezi 6, na wanaoshughulikia ni mamlaka ya kodi, ndo wenye daftari la wakazi kule, kwa hiyo una muda wa kukaa na mumeo na kumpigia mama bila haraka.